Kauri na Uwanda wa Kati: Gamba la Konokono wa Bahari Mbali na Bahari

Miamba mikubwa ya granaiti inayochomoza juu ya ardhi kuanzia Dodoma hadi Manyoni na Singida ni sehemu ya kitako kikongwe cha bara la Afrika, ambacho wanajiolojia wanakadiria kuwa kina umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Miamba ya namna hiyo iliganda na kupikwa na joto la chini ya ardhi zamani sana, kabla dunia haijawa na mnyama yeyote mwenye gamba, na kwa sababu hiyo hakuna anayetarajia kukuta ndani yake masalia ya viumbe wa baharini. Hivyo basi, gamba la konokono wa bahari likipatikana katika udongo wa uwanda huu, ulioinuka zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari na kutengwa na pwani kwa mamia ya kilomita za pori na milima, kuna maelezo mamoja tu ya kuwepo kwake hapo, nayo ni kwamba mtu alilibeba.

Magamba yaliyobebwa kwa wingi kuliko mengine yote ni ya kauri, konokono mdogo anayeweza kufichwa ndani ya kiganja kilichofumbwa nusu. Msafiri Mwingereza Richard Burton, aliyepita njia ya Ugogo mwaka 1857 akiwa na John Hanning Speke, aliandika kwamba watu wa pwani waliyaita magamba hayo kete, na watu wa bara wakayaita simbi. Majina hayo yote bado yanasikika, ingawa wengi wa wanaoyatamka bara hawajapata kumwona mnyama mwenyewe akiwa hai. Kinachofika bara ni nyumba tupu ya kiumbe aliyekwisha kufa. Hata hivyo, sifa zilizolifanya gamba hilo litamaniwe kutoka Maldivi hadi Mali, na kutoka Zanzibar hadi Buganda, zilitengenezwa na mnyama huyo kwa shughuli zake za kila siku, na historia ya kauri haiwezi kueleweka vizuri pasipo kuanza naye.

Kauri ni moluska, yaani mmoja wa wanyama wenye mwili mwororo usio na mifupa, kundi ambalo pia lina chaza, pweza na konokono wa nchi kavu. Katika mwambao wa Afrika Mashariki wapo aina nyingi wa jamaa hiyo, wakubwa kwa wadogo, lakini wawili ndio walioingia katika historia ya fedha. Wa kwanza kitaalamu huitwa Monetaria moneta, gamba lake ni la manjano au jeupe na kingo zake zina vinundu vinavyolipa umbo la pembepembe. Wa pili ni Monetaria annulus, ambaye hapa ataitwa kauri pete, kwa kuwa mgongoni ana mzunguko wa rangi ya dhahabu au chungwa uliochorwa juu ya weupe wenye kijivu. Mwanasayansi wa Sweden, Carl Linnaeus, aliwaorodhesha wote wawili mwaka 1758. Urefu wao kwa kawaida ni kati ya sentimita moja na tatu, na wote wawili wanaishi kando ya Bahari ya Hindi na sehemu za magharibi za Pasifiki, mwambao wa Tanzania na Kenya ukiwemo.

Makazi yao ni maeneo ya maji mafupi yanayofunuliwa bahari inapokupwa: vidimbwi vya miambani, vifusi vya matumbawe na majani ya bahari. Humo hutambaa taratibu wakikwangua mwani mdogo unaoota juu ya mawe, na jua linapokuwa kali au maji yanapokauka hujibanza chini ya jiwe au katika ufa. Tofauti na konokono wengi wa baharini, kauri hana kifuniko kigumu cha kuzibia mlango wake anapojiingiza ndani. Badala ya kifuniko amepewa mlango mwembamba mno, ufa mrefu unaopita chini ya gamba kutoka ncha hadi ncha, na pande zote mbili za ufa huo zimepangwa vijino vinavyofanya iwe vigumu kwa kaa au adui mwingine kuingiza kucha.

Jambo la ajabu zaidi ni mng'ao. Mtu akiokota gamba la konokono wa aina nyingine ufukweni, mara nyingi atakuta uso wake umechubuka, umeshikwa na chokaa ya viumbe wengine au umeota mwani, ilhali kauri aliyetolewa majini akiwa hai hung'aa utadhani amepakwa mafuta. Sababu ni kwamba mwili wake una utando mwororo, ambao unaweza kuitwa joho, unaochomoza kupitia ule ufa wa chini na kupanda kulia na kushoto mpaka kingo zake mbili zikutane mgongoni. Mnyama anapotembea, gamba lake huwa limefunikwa kabisa na joho hilo, na anapoguswa hulirudisha ndani mara moja, gamba likabaki wazi. Joho ndilo linalotandaza tabaka baada ya tabaka ya madini ya chokaa juu ya gamba, na kwa kuwa linalisugua na kulilinda daima, hakuna kiumbe anayepata nafasi ya kujishikiza. Rangi ya pete mgongoni nayo ni kazi ya joho hilo hilo.

Ukuaji wake pia una utaratibu wa pekee. Kauri mchanga ana gamba jembamba lenye mlango mpana na kichogo kilichojiviringa, kiasi kwamba asiyejua anaweza kumdhania kuwa ni konokono wa jamaa nyingine. Anapokomaa, mdomo wa gamba hujikunja kuelekea ndani, ufa unakuwa mwembamba, vijino vinatokea, na tangu hapo gamba haliongezeki tena urefu, linazidi tu unene. Matokeo yake ni kwamba kauri waliokomaa wa ufuo mmoja hawatofautiani sana kwa ukubwa, nao ni wagumu kuvunjika. Jike hutaga mayai katika vifuko vidogo vinavyofikia mamia, akayakalia kwa siku kadhaa bila kuyaacha, na watoto wakianguliwa huelea baharini wakichukuliwa na mikondo kabla ya kutua mahali penye mwamba. Malezi ya namna hiyo kwa konokono mdogo kiasi hiki yanastahili kujulikana zaidi kuliko yanavyojulikana.

Mtu akiangalia sifa hizo kwa jicho la mfanyabiashara wa zamani, ataona mara moja zilivyofaa. Gamba haliozi, haliliwi na mchwa, halipati kutu. Linahesabika kwa haraka. Halihitaji kupimwa moja moja kwa kuwa yote yanakaribiana ukubwa. Na hakuna fundi aliyeweza kulighushi kwa gharama iliyo ndogo kuliko kuliokota. Visiwa vya Maldivi, kusini-magharibi ya Bara Hindi, vilikuwa chimbuko kuu la kauri wa aina ya moneta kwa karne nyingi. Ibn Battuta, msafiri wa Morocco ambaye mwaka 1331 alifika Mombasa na Kilwa, aliishi Maldivi kuanzia mwaka 1343 na akaeleza jinsi wenyeji walivyofanya kauri kuwa fedha yao. Miaka michache baadaye, alipovuka Sahara kwenda dola ya Mali, aliyakuta magamba ya aina ile ile yakitumika sokoni, 1,150 kwa dinari moja ya dhahabu.

Kutoka Maldivi kauri waliingia pia katika biashara mbaya kuliko zote. Meli za Ulaya ziliwachukua kutoka Asia kama uzito wa kutuliza chombo baharini, zikawauza tena kwa wafanyabiashara wa Liverpool, London na Amsterdam, na hao wakawapeleka Afrika Magharibi kununulia watu. Baada ya biashara ya utumwa kuvuka Atlantiki kupigwa marufuku hatua kwa hatua, mahitaji ya kauri hayakupungua, kwa sababu viwanda vya Ulaya vilitaka mafuta ya mawese kwa ajili ya sabuni, mishumaa na kulainisha mashine, na wakulima wa mawese walitaka kulipwa kwa fedha waliyoizoea.

Hapo ndipo mwambao wa Afrika Mashariki ulipoingia. Katikati ya miaka ya 1840 mfanyabiashara wa Hamburg, Adolph Jacob Hertz, alitambua kwamba kauri pete, waliojaa katika fukwe za huku na wanaopatikana kwa bei ndogo kuliko wale wa Maldivi, wangeweza kupokelewa katika baadhi ya masoko ya Afrika Magharibi. Kampuni nyingine ya Hamburg, ya William O'Swald, ilifungua tawi Zanzibar mwaka 1849, na wafanyabiashara wa Ufaransa kutoka Marseille wakafuata. Kwa muda wa takriban miongo mitatu maelfu ya tani ya kauri yalipakiwa Zanzibar, yakazunguka Rasi ya Tumaini Jema na kushushwa katika pwani ya Lagos na Dahomey. Hesabu hiyo ni nzito ikikumbukwa kwamba gamba moja kavu lina uzito wa gramu moja hadi mbili hivi, kwa hiyo kila tani moja ilikuwa na konokono laki tano au zaidi.

Waliookota magamba hayo ni watu wa pwani, kutoka upande wa Somalia hadi Msumbiji, wakienda na majira ya maji ya bamvua wakati bahari inapokupwa sana na kuacha miamba wazi. Kauri hai hawakuweza kupakiwa moja kwa moja, maana nyama ingeoza melini, kwa hiyo walifukiwa mchangani mpaka nyama ikaisha, kisha magamba yakafukuliwa, yakaoshwa na kuanikwa. Harufu ya kazi hiyo ilikuwa kali na inatajwa sana katika maandishi ya zama hizo. Burton anaeleza pia kwamba biashara hiyo ilikuwa mikononi mwa Waislamu, kwa kuwa Wabaniani, wafanyabiashara wa Kihindu walioshika sehemu kubwa ya fedha za Zanzibar, waliona dini yao haiwaruhusu kusafirisha magamba ya moluska. Mawese yalinunuliwa na Wajerumani wakatajirika, lakini jina la hata mwanamke mmoja aliyeinama miambani kuokota kauri hao halikuandikwa popote katika vitabu vya kampuni, na hilo ni pengo ambalo wanahistoria wa pwani wangefanya vizuri kuliziba kwa masimulizi ya vizazi kabla hayajapotea.

Si kauri wote waliokwenda baharini. Sehemu ilifungwa katika mitumba na kupandishwa bara kwa mabega ya wapagazi, kupitia njia kuu iliyotoka Bagamoyo, ikapita Mpwapwa, ikavuka jangwa la Marenga Mkali lenye maji ya chumvi, ikaingia Ugogo na kuendelea hadi Tabora. Ugogo ilikuwa sehemu iliyoogopwa kuliko zote katika safari hiyo. Mvua zake ni chache na visima vyake vilikuwa na wenyewe, hivyo watemi wa Kigogo waliweza kudai hongo, yaani malipo ya kupita, na kila msafara ulilazimika kukaa siku nyingi ukijadiliana na mtemi mmoja kabla ya kwenda kwa mwingine. Wasafiri wa Ulaya walilalamika sana katika vitabu vyao na kuwaita Wagogo wakorofi. Lakini mtu anayefikiri kwa haki ataona kwamba msafara wa mamia ya watu ulikunywa maji na kula nafaka katika nchi ambayo mwaka mmoja mbaya uliweza kuleta njaa, na kwamba kudai malipo kwa matumizi hayo ilikuwa sera ya busara.

Hongo hiyo ililipwa kwa vitambaa vya merikani na kaniki, kwa shanga, na kwa waya wa shaba nyeupe na nyekundu. Kauri hawakuwa fedha ya Ugogo. Inaelekea sababu ni kwamba utajiri wa Mgogo ulihesabiwa kwa ng'ombe, nguo ilikuwa na matumizi ya papo kwa papo, na soko la kila siku la kununua vitu vidogo vidogo, ambalo ndilo linalohitaji fedha ya thamani ndogo inayohesabika, halikuwa limekua katika nchi ya watu wanaoishi katika tembe zilizotawanyika. Kauri waliopita hapa walikuwa wakielekea kwingine, kwa kuwa huko Tabora njia iligawanyika, moja ikaenda Ujiji na nyingine ikapinda kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda, na kule kaskazini ndiko simbi walikokuwa fedha kamili.

Mapokeo ya Buganda yanasema kauri waliingia nchini humo katika utawala wa Kabaka Semakokiro, yapata mwishoni mwa karne ya 18, kabla mfanyabiashara wa kwanza wa Kiarabu anayejulikana kwa jina, Ahmed bin Ibrahim, hajafika katika baraza la Kabaka Suna mwaka 1844. Mmisionari John Roscoe, katika kitabu chake cha mwaka 1911 kuhusu Waganda, aliandika kwamba magamba yalitungwa katika nyuzi za mia mia, na kwamba katika siku za baadaye ng'ombe mmoja alithaminiwa kwa kauri 2,500, mbuzi kwa 500 na kuku kwa 25. Mpagazi wa njia ya kati alibeba mzigo wa frasila mbili hivi, yaani kama kilo 32, na kwa uzito wa magamba uliotajwa juu, mzigo huo ulikuwa na kauri kati ya 16,000 na 32,000 hivi. Kwa bei za Roscoe, mtu mmoja aliyetembea kwa miezi mingi akiwa na mtumba kichwani alifika na thamani ya ng'ombe sita hadi kumi na wawili hivi, na ndani ya hesabu hiyo lazima utolewe ujira wake, chakula chake na hongo zote za njiani. Uzito huo ndio uliokuwa udhaifu mkubwa wa kauri kama fedha. Ilifaa kwa ndizi na kuku sokoni, lakini aliyetaka kulipa deni kubwa alihitaji watu wa kumbebea malipo, na kadiri magamba mapya yalivyozidi kumiminika kutoka pwani ndivyo kila gamba lilivyozidi kushuka thamani.

Mahali ambapo kauri hawakuwa fedha walipata kazi nyingine. Wafugaji wa Kimaasai, ambao wapo pia katika wilaya za Kongwa na Chamwino, hushona magamba haya kwenye mikanda ya ngozi na kwenye kamba za vibuyu vya maziwa. Ili gamba lishonwe vizuri, mgongo wake husagwa juu ya jiwe au kugongwa hadi utoke, na kauri pete hurahisisha kazi hiyo kwa kuwa mgongo mara nyingi huvunjika kufuata ule mzunguko wa rangi. Kinachobaki ni upande wa tumbo, mweupe na bapa, wenye ufa wa vijino katikati, na uzi hupitishwa kwa urahisi ndani ya ufa huo. Katika Unyamwezi na Usukuma, waganga na wanachama wa chama cha pepo cha Buswezi walivaa simbi katika ngoma na katika uaguzi. Watemi wa Unyamwezi, kwa upande wao, walithamini zaidi kibangwa, kipande cheupe kilichokatwa katika gamba la konokono mwingine wa bahari aitwaye konasi, ambaye ni adimu zaidi na mkubwa zaidi. Thamani ya konasi ndani ya bara ilikuwa kubwa mno: David Livingstone, akiwa kwa mtemi Shinte karibu na mpaka wa sasa wa Zambia na Angola mwaka 1854, aliambiwa kwamba magamba mawili yalitosha kununua mtumwa na matano yalinunua pembe ya ndovu.

Mtu asidhani kwamba uwanda wa kati ulisubiri bahari ndipo ujifunze mapambo. Katika pango la Kisese II, lililoko Kondoa katika eneo la michoro ya miambani lililoingizwa na UNESCO katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006, uchimbaji wa Ray Inskeep wa mwaka 1956 ulitoa shanga za maganda ya mayai ya mbuni, na upimaji wa baadaye umeonyesha kwamba utengenezaji wa shanga hizo mahali hapo ulianza zaidi ya miaka 40,000 iliyopita. Fundi alivunja ganda, akalitoboa, kisha akalisaga kingo hadi likawa duara. Gamba la bahari lilipofika lilikuta watu wenye jicho lililokwisha kuzoea kutambua uzuri wa kitu kidogo cheupe, kigumu na chenye tundu.

Mwisho wa kauri kama fedha ulikuja haraka. Utawala wa kikoloni wa Wajerumani uliingiza rupia na kodi ya nyumba, na reli ya kati iliyoanza kujengwa Dar es Salaam mwaka 1905 ilifika Dodoma mwaka 1910 na Kigoma mwaka 1914, ikaua kazi ya mpagazi na mtumba wake. Kwa upande wa Uganda, reli nyingine ilipofika Ziwa Viktoria mwaka 1901, ilikuwa dhahiri kwamba kauri wangeweza kuletwa kwa bei ya chini kabisa, na utawala wa Uingereza ukaacha kuwapokea kwa kodi. Waliokuwa wameweka akiba ya maisha yao katika magamba walipoteza akiba hiyo. Kumbukumbu ya heshima imebaki zaidi Afrika Magharibi, ambako Ghana iliipa fedha yake mpya ya mwaka 1965 jina la sedi, kutokana na neno la Kiakan la kauri.

Konokono mwenyewe bado yupo. Kauri pete ni miongoni mwa wanaoonekana kwa urahisi katika fukwe za Tanzania, na uwezo wa watoto wake kuelea mbali ndio uliomwokoa katika karne ya uokotaji mkubwa, kwa kuwa ufuo ulioondolewa wakubwa uliweza kujazwa tena na watoto kutoka kwingine. Ndugu zake wakubwa wenye magamba ya madoadoa hawakubahatika vile, maana soko la watalii huwatafuta mmoja mmoja. Sheria ya Hifadhi za Bahari na Maeneo Tengefu ya mwaka 1994, ambayo chini yake Hifadhi ya Bahari ya Kisiwa cha Mafia ilianzishwa mwaka 1995, inayalinda makazi yao katika maeneo yaliyotengwa. Hatari ambayo sheria hiyo haiwezi kuizuia ni hewa ya ukaa, ambayo ikizidi angani huyeyuka baharini na kuyapa maji asidi zaidi, na madini ya chokaa yanayoitwa aragonaiti, ambayo joho la kauri hujengea gamba, ni miongoni mwa yale yanayoathirika upesi kwa asidi.

Kwa mtafiti wa uwanda wa kati, kazi inayobaki ni ya kimya na ya subira. Gamba lililokatwa mgongo limepoteza ile pete ambayo ingelitambulisha, na ni lazima lipimwe kwa umbo la tumbo, kwa vijino na kwa unene wa kingo ili ijulikane kama ni moneta au ni kauri pete. Watafiti wa Chuo Kikuu cha East Anglia nchini Uingereza, miongoni mwao Anne Haour na Annalisa Christie, wamefanya upimaji wa namna hiyo kwa magamba ya Maldivi na Afrika Magharibi, na wameonyesha kwamba tofauti ya aina hizo mbili inaweza kusaidia kutambua tabaka la udongo ni la kabla au baada ya biashara ya Zanzibar. Kwa Tanzania kipimo hicho peke yake hakitoshi, kwa sababu aina zote mbili zinaishi katika mwambao wake, na gamba la moneta lililofukuliwa Kondoa au Mpwapwa linaweza kuwa limeokotwa Kilwa bila kuonana na Maldivi hata kidogo. Hivyo kila gamba linalofukuliwa hapa linahitaji kuandikwa pamoja na kina lilikokutwa, vitu vilivyokuwa kando yake na namna mgongo wake ulivyoondolewa, kama ni kwa kusagwa au kwa kugongwa, maana alama za mkono wa aliyelitengeneza ndizo zinazoweza kueleza lilipita kwa nani.